Keria ya Babu

Jirani amefyeka majani leo, na ile harufu mbichi imenirudisha kwenye baiskeli ya babu. Tyubu zilikuwa zimeadimika madukani, kwa hiyo babu alishindilia majani ndani ya tairi. Kila Jumapili aliendesha peke yake kwenda kanisani, keria tupu, bibi akimfuata kwa miguu. Baba yeye alimpakia mama kwenye baiskeli yake, na mama akawa anaimba huko nyuma.

"Wake zetu wanatembeaga," babu alimfokea baba. "Wewe wako unambeba kama gunia la pamba!"

"Gunia haliimbi, baba."

Bibi alisikia. Jumapili iliyofuata babu alimkuta ameshakaa kwenye keria, Biblia mapajani. Sisi wajukuu tuliacha hata kutafuna mihogo.

"Shuka. Watu wataniona."

Bibi akajiweka vizuri zaidi. Babu akaguna, akapanda, majani yakalia kwacha kwacha ndani ya tairi.

"Jishike," alisema bila kugeuka.

"Nijishike wapi?"

Babu akakohoa. "Nishike mimi."

Bibi akamkumbatia kiunoni. Na babu, aliyeogopa kuonwa, akapiga kengele njia nzima.