Mawe ya Malkia

Kwa miaka kumi na tisa mlinzi wa magofu ya kasri alipambana na majirani waliobomoa kuta ili wajengee vyoo. Mwishowe alitunga hadithi kwamba malkia aliyezikwa ukutani humtia wazimu anayeiba jiwe. Wizi ulipungua, haukukoma.

Kisha mkewe akagundua kwamba jiwe lake la kufulia nguo lilitoka kasrini.

"Baba watoto, lirudishe."

"Malkia nimemtunga mwenyewe!"

"Sawa. Mbona fundi seremala anaongea na mbuzi?"

"Huyo alianza zamani."

"Lirudishe, au ukalale kwa malkia wako."

Alilisukuma kwa toroli mchana kweupe, mtaa mzima ukitazama. Kufikia Ijumaa, rundo la mawe yaliyorudishwa getini lilikuwa refu kuliko ukuta.