Jina Lisilokuwemo Kitabuni

Mwandishi yule, aliyeacha kazi ya gazeti ili aandike kitabu cha wanawake na vita, kila alipofika Gulu, kaskazini mwa Uganda, hakuuliza neno kwanza. Alivuta ungo, akaketi chini, akamenya karanga pamoja na wanawake wa pale.

"Dada, leo tena utatulisha maganda," Mama Lamwaka alimtania.

Naye alicheka kwa sauti yake ya chini, kama mtu anayechelea kumwamsha mtoto wa watu. Basi Mama Lamwaka akamsimulia yote, pamoja na habari za bintiye Lamwaka, aliyechukuliwa na waasi kisimani asirudi.

Kitabu kilipotoka, mwandishi alikuja kumsomea. Mama Lamwaka akamshika mkono.

"Huyu Rosa ni nani?"

"Ndiye Lamwaka, mama. Nilibadili majina, msije mkadhuriwa."

"Sasa atakayemwona huko aliko atamjuaje? Mimi nilisema yote kwa ajili ya jina hilo tu."

Vidole vya mwandishi vilipapasa ungo, na ungo ulikuwa mtupu. Mwishowe akatoa kalamu, akafuta Rosa, akaandika Lamwaka, ukurasa baada ya ukurasa, katika nakala ile moja tu, iliyobaki katika nyumba ya Mama Lamwaka, ambako kila anayebisha hodi analijua jina hilo tayari.