Ukuta wa Bibi, Ufukoni

Juzi nilipita Ufukoni kwa bajaji, nikamwomba dereva asimame kidogo. Pale ilipokuwa nyumba ya bibi yangu pamejengwa duka la matofali, na ukuta mzima umepakwa rangi za kampuni ya simu. Nilikasirika, ndugu yangu, kana kwamba bado ni kwetu.

Zamani, masika yakiisha, wanawake wa mtaa wetu walikandika upya nyumba zao za miti na udongo, kisha wakazipamba kwa udongo mweupe na mkaa uliosagwa: maua, samaki, nyota. Sisi watoto tulisaga mkaa huku tukimenya ming'oko ya moto, vile viazi vya porini vya kwetu, mikono myeusi mpaka viwikoni. Bibi ndiye aliyekuwa fundi wao, na kwa maringo pia hakuwa na mpinzani.

Mwaka ule watu walipolalamika kwamba gesi iliyochimbwa kwetu inapelekwa mbali kabla sisi hatujaiwasha, bibi hakuchora maua. Upande wa barabarani alichora bomba refu likipita mlangoni mwa nyumba yenye kibatari. Hakuandika neno, hakujua kuandika. Wapita njia walisimama, wengine wakacheka, wengine wakatikisa kichwa na kuharakisha.

Asubuhi moja wakaja wanaume wawili na mwenyekiti wa mtaa, wakauliza nani kachora. Majirani wote wakawa hawajui, hata yule jirani yetu mbea ambaye hakuwahi kukosa jibu. Mimi, mtoto wa darasa la pili, nikajipiga kifua: "Bibi yangu! Hakuna anayemshinda!"

Wakaondoka naye. Nililia mpaka sauti ikakauka. Alirudi alasiri, ameamriwa aufute mchoro kwa mkono wake mwenyewe. Akakoroga udongo, nami nikamsaidia kukandika, macho chini.

"Nisamehe, bibi."

"Nikusamehe nini, ntoto we? Ungenikana ndo ningelia."

Akanikatia muhogo, tukala tukiwa na udongo vidoleni.

Lakini mwaka uliofuata, wenzake walipopamba, ukuta wetu ulibaki mtupu. Nilisaga mkaa bila kutumwa, nikamwekea miguuni. Akasema mkono umechoka. Mkono huo huo ulikuwa ukitwanga kutwa nzima.

Siku hizi hakuna anayekandika pale, na wale wanawake wengi wametangulia. Nawakumbuka wote, lakini moyo huniuma kwa mmoja. Bibi alinisamehe siku ile ile, najua. Ila mpaka anafariki, hakuchora tena hata ua moja.