Chungu cha Matunda Damu

Blanketi langu zito, lile ninalojifunika miezi ya baridi ya Kitale, liliwahi kutumika kufunika barafu. Mke wa mwanangu aliliomba asubuhi ya Krismasi, nikadhani amechoka kwa kazi.

"Mama," akaniambia, "blanketi haileti joto. Inazuia tu. Ikizuia joto lisitoke kwako, itazuia pia lisiingie kwa barafu."

Nimefundisha katekisimu miaka mingi na nimezoea maswali ya kila aina, lakini hilo lilikuwa jipya. Nikampa blanketi.

Ilikuwa miaka ya mwanzo ya elfu mbili. Mimi na marehemu mume wangu tulitoka sehemu za kati za nchi tukiwa vijana, tukapata shamba hapa karibu na Kitale, tukazaa, tukazeeka. Yeye alitangulia mbele za Bwana, nami nikabaki na mahindi, ng'ombe wawili na kazi yangu ya uzee wa kanisa. Mwanangu aliajiriwa Bungoma, na huko akampata msichana aliyekuwa karani katika ofisi ya serikali, mtoto wa mkulima wa upande wa Kamukuywa. Hiyo ilikuwa Krismasi ya kwanza tangu wafunge ndoa, na wazazi wa msichana walikuwa wakija kwangu kwa mara ya kwanza.

Lakini hawakuwa wakija kunitembelea tu. Baba yake alikuwa mtu wa chungu. Kwao wazee huketi kuzunguka chungu kimoja cha busaa, pombe yao ya wimbi, kila mmoja na mrija wake mrefu, wakavuta na kuzungumza mpaka jua lishuke. Wakati wa Pasaka mwaka ule alisimama mbele ya kanisa lake akasema ameacha. Tangu siku hiyo hakugusa. Ila mke wake alituma ujumbe kwamba anaiogopa Krismasi. Miezi mingine mtu aweza kujificha shambani, lakini siku ile wenzake wa rika wangekuja mpaka langoni kumwita kwa jina, na kukataa mwito wa rika ni kama kuwaambia kwamba wewe si mwenzao tena. Akishinda siku hiyo, mama huyo alisema, labda atashinda na nyingine. Kwa hiyo binti akaamua waje Kitale.

Mimi niliona hilo linatosha. Nyumbani mwangu haijawahi kuingia pombe. Nilikuwa na chai, nilikuwa na kreti ya soda, na maombi yangu nilikuwa nimeyaanza mapema. Mke wa mwanangu alinisikiliza kwa heshima, kisha akasema jambo ambalo nimelikumbuka mara nyingi.

"Soda inaisha dakika tano, Mama. Halafu kila mtu anaangalia ukuta. Papa hakuwa anapenda ile pombe sana. Alikuwa anapenda kukaa."

Siku tatu kabla ya sikukuu alirudi kutoka soko la Kitale na gunia la matunda damu, yaliyoiva mpaka yalikuwa laini kama shavu la mtoto, pamoja na pasheni, ndimu na tangawizi. Alikuwa na mkono wa kazi hiyo. Alipokuwa msichana mama yake aliuza barafu za watoto sokoni Kamukuywa, zile za kufungwa katika mifuko myembamba ya nailoni, na yeye ndiye aliyekuwa akizitengeneza kabla ya kwenda shule. Nilimtazama akimwaga maji moto juu ya matunda damu ili ganda litoke, akiyaponda, akiyapitisha kwenye chujio. Mimi nilipewa kukamua pasheni na kutwanga tangawizi. Sukari aliichemsha na tangawizi peke yake, akaacha ipoe kabisa ndipo akachanganya. Nilipotaka kuongeza sukari baada ya kuonja, akanizuia.

"Baridi inameza utamu," akasema, "lakini hata ukali wa tangawizi inaumeza. Hii ya saa hii siyo ile tutakunywa. Tuonje ile ya Krismasi."

Akapima kwa ulimi, akafumba macho, akafikiria jinsi mchanganyiko utakavyokuwa ukishaganda. Sijui ni nani aliyemfundisha kuonja kitu ambacho bado hakijakuwa. Mimi nimepika tangu utotoni na siwezi.

Kwangu hakukuwa na friza. Mwenye duka moja mjini, tunayesali naye, alitupa nafasi katika friza yake, chini ya soda, na mifuko ya mchanganyiko ikalala huko siku mbili. Asubuhi ya Krismasi mwanangu akaenda kuileta ikiwa imezikwa katika vumbi la mbao ndani ya katoni, na blanketi langu juu yake. Ilifika ngumu kama mawe.

Ni siku hiyo, wageni wakiwa wameshaingia na baba mtu akizungushwa shambani na mwanangu kuona mahindi yaliyobaki, ndipo nilipokuta jambo lenyewe. Jikoni kulikuwa na chungu kikubwa cha udongo, na mke wa mwanangu alikuwa akivunjavunja barafu kwa mchi na kuimimina humo. Kando yake mama yake alikuwa akifungua kitambaa kirefu. Ndani mlikuwa na mirija ya busaa, sita, kila mmoja na kichujio kidogo kilichosukwa mwishoni cha kuzuia makapi.

Nilisimama mlangoni. Nilimuuliza kama anajua anachofanya. Tumefundishwa tusimwekee ndugu kikwazo njiani, na hapa tulikuwa tunamwekea mtu chungu kile kile, na mrija ule ule, katika nyumba ya mzee wa kanisa, siku ya kuzaliwa kwa Bwana.

Hakunibishia. Aliweka mchi chini akafuta mikono.

"Mama, ukisema hapana nitaweka kwa vikombe. Ni nyumba yako. Lakini Papa ameambiwa na kila mtu kitu cha kuacha. Hakuna mtu amempa kitu cha kushika."

Niliomba kimoyomoyo, nikiwa nimesimama hapo na mwiko mkononi. Sikupata sauti yoyote. Nilichoona ni uso wa mama yake, mwanamke aliyekuwa ameishi na hofu hiyo kuliko sisi sote, na yeye alikuwa ameibeba hiyo mirija kutoka nyumbani. Nikasema, "Basi, weka."

Tulikiweka chungu katikati ya sebule. Mwanangu alibaki nje akichoma nyama, kwa sababu kwa desturi ya kina mke wake kijana haketi chumba kimoja na mama mkwe wake, na hakulalamika, kwani waliochoma walionja kwanza. Baba mtu akaingia akifuta viatu, mtu mrefu, kofia mkononi. Akaona chungu. Akasimama.

"Nani ameweka hii hapa?"

"Ni mimi, Papa," binti akajibu. "Ni matunda. Ni barafu."

"Chungu, kwa nyumba ya mzee wa kanisa." Akanitazama mimi.

"Karibu, mkwe," nikasema. "Pasheni nimekamua mwenyewe. Ukilewa, tumelewa wote."

Hakucheka. Alikuwa ameona mirija. Aliinua mmoja, ule uliokuwa mweusi kwa kushikwa, akaugeuza polepole. Ulikuwa wa baba yake kabla yake.

"Hii si nilisema ichomwe?" akamuuliza mke wake.

"Ulisema nichome," mke wake akajibu. "Hukusema lini."

Nilimwona binti akishika ncha ya leso yake akiikunja na kuikunjua. Kisha yule mzee akavuta kiti, akaketi, akatumbukiza mrija. Sisi wanawake tukaketi na kufanya vivyo hivyo, na mimi, katika umri wangu wote, ndiyo ilikuwa mara ya kwanza kushika mrija wa busaa.

Tukavuta, na hakuna kilichokuja.

Nikavuta tena mpaka mashavu yakagusana ndani. Hakuna. Mke wa mwanangu alikuwa amefikiria kila kitu, utamu, baridi, vumbi la mbao, lakini alisahau kwamba chujio linalozuia makapi ya wimbi litazuia na barafu.

"Mkwe," yule mzee akaniambia, "unavuta kama mtu ananyonya mfupa."

"Na wewe umepata nini?"

"Mimi nimepata hewa." Akachungulia ndani. "Mayi, umetupikia mawe." Mayi ni mama, na ndivyo wanavyowaita binti zao kwa mapenzi.

Binti akainuka, macho yakiwa yamelowa. "Wacha nilete vikombe na vijiko, Papa. Nimeharibu."

"Kaa chini. Chungu hakikimbizwi." Akafikiri kidogo. Kisha akasema, bila kumtazama mtu, "Niletee maji moto."

Nilimwona mke wake akigeuka haraka. Nilikuja kuelezwa baadaye kwamba kwenye busaa hayo ndiyo maneno yanayoendesha kikao. Pombe ikiwa nzito chunguni, mtu mmoja anayeaminiwa huongeza maji moto, na huyu alikuwa ndiye mwenye kumimina kwa rika lake tangu ujana. Kwa mke wake ilikuwa kama kusikia mlango wa zamani ukifunguliwa. Lakini binti alikwenda akaleta birika.

Mzee akasimama. Hakumimina katikati kama ambavyo ningefanya mimi. Alimimina uzi mwembamba wa maji kandokando, penye ukingo wa udongo, akiuzungusha, akisimama, akisikiliza. Barafu ikalia, kitu kikaachana na ukuta wa chungu. Akaketi, akausogeza mrija wake mpaka chini kabisa kando ya ukuta, akatufundisha na sisi kufanya hivyo.

"Sasa musivute. Mungoje. Barafu haina haraka na mtu."

Tukangoja. Na mtu akingoja ameketi katika duara, hana budi kusema neno. Akaniuliza tulifikaje Kitale. Nikamweleza lori lililotuleta, na mume wangu alivyoshuka akashika udongo akaunusa kama mtu anayenunua kahawa. Yeye akaeleza alivyokuwa akipeleka ng'ombe wa kuuza upande wa Suam, mpakani, akiwa kijana, na dume moja lililokataa kuvuka daraja mpaka likafunikwa macho kwa koti lake, likaondoka nalo. Katikati ya hadithi hiyo akanyamaza, akavuta, na nikaona rangi nyekundu ikipanda ndani ya mrija wa mkewe, ambao ulikuwa mweupe na mpya, kisha wa kwangu. Kinywaji kilifika kinywani baridi na chenye ukali wa tangawizi, na utamu wake ulikuwa barabara. Mke wa mwanangu alikuwa ameonja vizuri siku zile tatu nyuma.

"Ehe," nikamuuliza mzee, "na koti?"

"Koti ilipatikana Uganda."

Kilitoka kidogo kidogo, mkupuo mmoja mmoja. Kila kikikauka alimimina, na kila akimimina tulingoja, na mazungumzo yakaendelea. Soda ingeisha dakika tano. Chungu kile kilituweka tangu saa saba mpaka ng'ombe walipoanza kulia wakitaka kukamuliwa, na mara hiyo tu nikakumbuka kwamba nilikuwa na woga mchana ule. Mke wa mwanangu aliketi kwenye mkeka miguuni pa baba yake, akimpa birika alipoinyoshea mkono. Nimehubiri kwa wanawake wenzangu juu ya hekima mara nyingi, nikiwa na karatasi mbele yangu. Siku hiyo niliiona imekaa kwenye mkeka ikishika birika.

Walilala kwangu, na kesho yake wakajitayarisha kuondoka. Mama mtu alikunja mirija kwenye kitambaa chake, akahesabu, akahesabu tena. Ilikuwa mitano. Mzee alikuwa jikoni kwangu. Alikuwa ameuosha ule mweusi na kuutundika kwenye msumari wa ukutani, juu ya ungo.

"Hii ikae hapa, mkwe," akaniambia. "Nikiihitaji nitajua pa kuipata."

Sisemi kwamba hakuyumba tena kamwe. Mwaka una miezi mingi, na mimi sikuwa Kamukuywa. Ila Krismasi ile aliivuka, na baada yake alikuja nyingine nne. Mwaka mmoja umeme ulipotea mjini, barafu haikushika, tukanywa maji matupu ya matunda. Yalikuwa matamu vile vile, na yaliisha kabla nyama haijaiva. Mzee akatazama ndani ya chungu kitupu, akamwambia binti yake, "Hii imekimbia. Hatujakaa." Akaenda mwenyewe jikoni, akautundika mrija wake mahali pake, ukiwa bado na wekundu kwenye ncha.