Ushahidi wa Mashoto

Shangazi yangu Anyesi ni mashoto. Pale Buigiri hakuna asiyejua. Anapogoa mizabibu kwa kushoto, anasonga ugali kwa kushoto, na ukikaa vibaya karibu naye akifyeka, utahama mwenyewe.

Mwaka juzi fuso liliipamia bodaboda aliyopanda akitoka sokoni Chamwino. Dereva wa boda alichubuka magoti. Shangazi alivunjika kifundo cha mkono wa kushoto, na mishipa ya vidole ikakatika. Mfupa uliunga, lakini vidole vitatu vikabaki vimenyooka, havikunjiki wala havishiki kitu.

Mimi naishi mjini, Miyuji, kwa hiyo ndimi niliyempeleka kwenye kampuni iliyolikatia fuso bima, ofisini kwao Makole. Tulipokelewa na ofisa wa madai aitwaye Castory, kijana mwenye adabu.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, baba."

Akasoma ripoti ya daktari, akatabasamu. "Tumshukuru Mungu ni mkono wa kushoto."

"Tumshukuru kwa lipi?" shangazi akauliza.

"Mkono wa kazi umesalimika, mama. Huu mwingine fidia yake tunaikadiria nusu."

"Huu ndio mkono wangu wa kazi. Mimi ni mashoto."

Castory akachukua kitambulisho cha shangazi, akakilinganisha na fomu aliyoijaza asubuhi ile. "Sahihi ya kabla ya ajali na ya leo ni moja, na leo nimekuona ukisaini kwa kulia."

Shangazi akavuta pumzi. "Mwanangu, darasa la kwanza mwalimu aliufunga huu wa kushoto kwa kamba ili niandike kwa kulia. Huo wa kulia alioufundisha kwa kiboko unajua kuandika jina langu, basi. Kingine chochote haujui."

"Nakuelewa, mama. Lakini kwenye faili haipo. Tuletee uthibitisho."

"Wa nini?"

"Kwamba wewe ni mashoto."

Tukaenda kwa mtendaji wa kijiji. Alicheka mpaka alipoona sisi hatucheki, ndipo akaandika barua na kugonga muhuri. Castory akasema mtendaji si daktari. Tukaenda hospitali, daktari akasema yeye anatibu kilichovunjika, hawezi kushuhudia mtu aliishije kabla hajamwona. Tuliporudi Makole, Castory yuko likizo, na aliyekalia kiti chake akatuuliza kwa upole: "Ajali ilitokea wapi?"

Shangazi akatoka nje bila kuaga. Nilimkuta ameegemea ukuta, kitenge kimemteleza begani. "Evarista," akaniambia, "lingeniua lile gari, hawa wangedai barua ya kuthibitisha kwamba nilikuwa hai."

Wakati huo msimu wa kupogoa ulikuwa unapita. Alijaribu kwa mkono wa kulia, mkasi ukawa unakata macho ya tawi, yanakochipukia vichala, badala ya juu yake. Mizabibu ikatoa majani mengi na vichala vya kuhesabika. Siku ya kuvuna alilia, na alilia kwa hasira.

Mwishowe tukafika kwa msuluhishi wa migogoro ya bima, Bi Anastazia. Castory naye aliitwa. Bi Anastazia aliisukuma pembeni ile barua ya mtendaji, akauliza jambo moja: "Mna picha yoyote akifanya kazi kabla ya ajali?"

Hakuna aliyewahi kutuuliza hivyo, nasi hatukuwahi kufikiria. Nilimpigia binamu yangu Devota, akanitumia kwenye simu video ya harusi yake, iliyofanyika kabla ya ajali. Shangazi huyo hapo, uani, amezungukwa na wanawake, anakatakata nyama ya mbuzi huku akiwafokea waongeze kuni. Kisu kiko kushoto.

Castory aliitazama mara mbili. Bi Anastazia akasema mkono ukadiriwe kama mkono wa kazi, na mavuno yaliyopotea yahesabiwe.

"Pole, mama," Castory akasema wakati tunatoka. "Mngetuonyesha mapema."

"Mngeniamini mapema," shangazi akajibu, akatangulia mlangoni.

Fidia ililipwa, baada ya safari nyingine kadhaa za Makole ambazo sina hamu ya kuzisimulia. Sasa shangazi amemwajiri Matonya, kijana wa jirani, ampogolee, na yeye mwenyewe husimama nyuma yake akimgombeza kutwa.

Kinachomchosha zaidi ni pongezi. Kila anapopita, mtu humwambia, "Anyesi, umepata!" Juzi mama mmoja wa kwaya alimwambia hivyo mlangoni mwa kanisa. Shangazi akavua kilemba, akamkabidhi.

"Nifungie," akasema. "Mimi fundo siwezi tena. Halafu uniambie nimepata nini."