Kitambaa Chekundu cha Kituo Chetu

Asubuhi ile tulikuwa tukimenya mihogo. Mama alikaa juu ya kinu kilichopinduliwa, na mdogo wangu Athumani alimtania kwamba kisu chake kinamenya hewa. Nyumba yetu ilikuwa kando ya reli, kati ya Ruvu na Magindu, hatua chache kutoka kituo kidogo ambacho ukipita leo hutakijua. Zimebaki ngazi mbili za saruji ndani ya vichaka.

Hakikuwa na msimamizi wala kengele. Kilikuwa na kibanda cha bati na ufito wenye kitambaa chekundu. Anayetaka kupanda, au anayepokea mgeni, aliinua kitambaa na treni ikasimama. Kikiwa juu, dereva haondoki. Kikishushwa, maana yake wa kupanda na wa kushuka wote wamekwisha. Mama ndiye aliyekitunza, kwa kuwa tulikuwa jirani, na kilikatwa kwenye kanga yake ya zamani.

Kabla mihogo haijaiva, balozi wa nyumba kumi alifika na karatasi. Vita vya Kagera vilikuwa vimeanza, na mgambo tuliofunzwa Mlandizi tulitakiwa. Mimi na Athumani, wote wawili.

Kesho yake mama aliinua kitambaa, tukapanda. Kabla ya kukishusha aliniambia, "Wewe ndiye mkubwa. Mmepanda wawili, mshuke wawili."

"Inshallah, mama."

Athumani alichungulia dirishani. "Mama, shusha basi! Utawachelewesha watu na vita vyao."

Sitaki kuvifanya vita vikubwa kuliko nilivyoviona. Askari wa miguu huona mgongo wa mwenzake na matope. Tulisafiri kwa treni, meli na lori, kisha kwa miguu. Tulivuka mto, tukaingia kwenye migomba ya nchi ya watu. Marehemu baba alikuwa mwalimu wa chuo cha Kurani, kwa hiyo kikosini niliwaongoza wenzangu katika sala, na Athumani alinikwepa kwa kila hila.

Alasiri moja zamu ya kuchota maji ilikuwa yangu. Nilikuwa nimetandika koti la mvua nisali.

"Nipe hilo dumu, kaka," Athumani alisema. "Wewe sali. Uniombee na mimi, nimechoka."

"Umechoka nini? Hujasali tangu juzi."

"Ndiyo huko kuchoka kwenyewe."

Nilielekea kibla huku nikizuia kicheko.

Nilikuwa nimesujudu kombora la kwanza lilipoanguka, upande wa kijito.

La pili likafuata.

Nilitoa salamu ya kumaliza sala, nikakimbia.

Dumu lilikuwa limesimama wima, limejaa. Athumani alikuwa amelala kando yake.

Hatukumwosha. Anayeuawa vitani huzikwa na nguo zake. Baba alitufundisha hivyo sote wawili, mkekani, Athumani akisinzia. Tulimzika palepale. Maji aliyoyachota tuliyanywa jioni, maana hatukuwa na mengine.

Nilianza barua mara tatu. Mama hakujua kusoma, na sikutaka asomewe na jirani.

Vita vilipokwisha nilirudi kwa treni ya mchana. Ilinipasa kumwambia gadi wa treni kwamba nashuka kituoni kwetu. Sikumwambia. Niliamua nipitilize hadi Dar es Salaam, nikae kwa mjomba mpaka nipate maneno.

Treni ilipunguza mwendo.

Mama alikuwa amesimama pale, ufito mkononi, kitambaa juu.

"Huyu bibi tena!" gadi alisonya. "Kila treni anaisimamisha, hapandi wala hapati mgeni."

Nilishuka.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu." Alinishika shavu. Kisha macho yake yakarudi mlangoni.

"Bibi, shusha kitambaa tuondoke!"

"Bado," mama alijibu. "Wapo wawili."

Dereva alipiga honi. Mama hakutikisika. Nikaushika ufito juu ya mkono wake, nikaushusha mpaka kitambaa kikagusa kokoto. Hakunipinga. Mkono wake ulishuka taratibu pamoja na wangu.

Treni ikaondoka.

Mama hakukiinua kitambaa tena, alimpa jirani. Kituo kiliendelea miaka kadhaa, kisha treni zikaacha kusimama, na bati likachukuliwa na watu. Siku hizi treni ya umeme hupita kwenye njia yake mpya, na abiria wake hawana habari kwamba hapa paliwahi kuwa na kituo. Mama nimeshamzika. Namshukuru Mungu kwa umri alionipa, na sijamuuliza kwa nini nilibaki mimi. Lakini zamu ile ilikuwa yangu.

Nilimwambia mama hivyo jioni ileile niliyorudi.

"Alikuwa anafanya nini?" aliniuliza.

"Alikwenda kuchota maji."

"Zamu ya nani?"

"Yangu. Mimi nilikuwa nasali."

Aliinuka, akafunua mtungi, akachota kwa kata na kuniletea kwa mikono miwili.

"Kunywa, mwanangu," alisema. "Umetoka mbali."