Filamu ya Basma na Eda ya Mahfoudha

Eda humkalisha mjane ndani miezi minne na siku kumi, na Mahfoudha wa Magongo aliikaa barabara. Hakutoka, hakupaka wanja, wala mwanamume asiye maharimu wake hakumtia machoni. Kutwa alishona kofia za mkono, kazi aliyoijua tangu usichana wake. Mumewe Ghanim alikuwa baharia. Mwezi wa Rajabu tuliambiwa ameanguka kutoka melini karibu na Tanga, na maiti haikupatikana. Habari ililetwa na Abdulhakim, nduguye Ghanim. Hitima ikasomwa, tukalia.

Mimi jirani yake sipendi kumwona mtu akiozea ndani. Nikampelekea filamu. Wakwe zake waseme watakavyo, midomo ni yao! Ni filamu ya mapenzi waliyoitengeneza vijana wa Likoni, na binti yangu Basma ndiye mchumba mwenyewe. Waliipiga pale Shelly Beach, Idi pili. Nilikuwapo kumchunga, maana yule kijana aliyeigiza naye macho yake hayakunipendeza hata kidogo.

"Mwanao anajua kulia, ati!" Mahfoudha akasema, akacheka. Ilikuwa mara ya kwanza tangu msiba. Na picha ilikuwa safi, wallahi. Chozi la Basma unaliona linavyoteremka, na nyuzi za mtandio wake unaziona moja moja.

Ghafla akaninyang'anya rimoti, akarudisha nyuma, akaisimamisha picha.

Nyuma ya Basma palikuwa na mwanamume anapakia mabegi kwenye gari. Alikuwa ameinua uso. Kavaa kofia ya mkono, yenye ua mbele.

"Ua lile la mbele nililikosea," Mahfoudha akasema polepole. "Nikataka kulifumua, Ghanim akakataa. Akasema asiyekosea ni Mungu. Alisafiri nayo."

Nikamwambia watu hufanana.

"Na mishono yangu pia hufanana? Afe Rajabu, Idi anapakia mabegi? Nambie, dada. Mimi mjane au si mjane?"

Niliogopa, na nilijuta kuileta filamu ile.

Alasiri tukasikia hodi. Ni Abdulhakim na kikapu chake cha mboga. Desturi yake hukiacha nje ya pazia, akasalimu, akaenda zake. Mahfoudha akajitanda kanga kichwani.

"Pita ndani, shemeji."

"Na eda yako, shemeji?"

"Pita, nimesema."

Akaingia macho chini. Alipoyainua, akamwona nduguye kwenye televisheni. Nikamngojea apige ukelele, ataje jina la Mungu, aangue kilio kwamba Ghanim yu hai. Hakushtuka. Aliweka kikapu chini, akarudi mlangoni, akatia komeo.

"Nani mwingine ameiona?" akauliza.